Nyota Yenye Mkia na Mwaka Aliozaliwa Bibi Mkubwa

Katika bonde la Kilombero wazee wetu wa zamani hawakuihesabu miaka kwa tarakimu. Mwaka ulikuwa na jina, kama mtu. Palikuwa na mwaka wa Majimaji, na mwaka wa njaa iliyoifuata vita ile, na mwaka Wabelgiji walipouteka mji wa Mahenge, na miaka ya mafuriko, ambayo ni mingi hata huchanganyika. Tena palikuwa na mwaka wa nyota yenye mkia. Mtu akiulizwa umri wake alijibu kwa jina la mwaka, naye aliyeuliza akaridhika, maana wote wawili waliujua mwaka uliotajwa. Shida imetupata sisi tuliokuja nyuma. Jina tumeachiwa, lakini wenye kulijua wamekwisha kufa.

Mama yake babu yangu, ambaye nyumbani kwetu Katindiuka tulimwita Bibi Mkubwa, alikuwa mtoto wa nyota yenye mkia. Alifariki mwaka 1996, nami nilikuwa mtoto mdogo wa kushika upindo wa kanga yake. Msalaba wa mti uliowekwa kaburini pake uliliwa na mchwa. Ukawekwa wa pili, nao ukaliwa. Hata jamaa wakakubaliana kulijenga kaburi kwa saruji, na kuandika jina lake, mwaka aliozaliwa na mwaka aliofariki. Mwaka wa kufariki haukuwa na ubishi. Wa kuzaliwa ulitutia katika maneno ya jioni tatu. Cheti chake cha ubatizo kilichukuliwa na maji pamoja na sanduku zima, na katika daftari la ubatizo, kwa kuwa alibatizwa mtu mzima mwenye watoto, mahali pa mwaka wa kuzaliwa pameachwa wazi.

Baba mkubwa alishika kwamba nyota hiyo ni ile ya 1948, kwa sababu utotoni alisikia ikisimuliwa. Shangazi akacheka mno, akamwuliza kama mtoto aweza kumtangulia mama yake duniani, maana mwaka ule babu alikuwa ameshaanza shule. Yeye shangazi alisema Bibi Mkubwa ni rika la Majimaji, basi na iandikwe 1905. Baba mdogo akasema 1910, lakini alipoulizwa ajuaje, alijibu tu kwamba amesoma mahali. Mwisho wakanigeukia mimi. "Wewe ndiwe mwalimu," wakasema, "tutafutie." Hiyo ndiyo asili ya habari hizi.

Kwanza nataka kuondoa kosa moja ambalo hata wanafunzi wangu hulifanya. Wengi huita nyota yenye mkia kimondo. Kimondo ni kitu kingine kabisa. Kimondo huwaka na kuzimika kabla hujamaliza kumwonyesha mwenzio kwa kidole. Nacho kikiwa kikubwa huweza kuanguka chini, kama lile pande la chuma lililoko Mbozi, ambalo watu hulitembelea hata leo. Nyota yenye mkia haianguki. Hukaa mbinguni majuma mengi, huchomoza na kuchwea kama nyota nyingine, ila kila usiku huwa imehama kidogo kutoka mahali pake pa jana.

Wala si nyota kwa kweli. Ni donge la barafu lililochanganyika na mavumbi na mawe. Likiwa mbali na jua huwa baridi, jeusi, halina mkia, na hapana jicho liwezalo kuliona. Likikaribia jua, joto huigeuza barafu kuwa mvuke, na mvuke hutoka pamoja na vumbi. Kisha mwanga wa jua na upepo utokao katika jua huvisukuma nyuma, navyo ndivyo tuuonao kuwa mkia. Kwa hiyo mkia hauifuati nyota kama mkia wa mbwa. Hufanya kama moshi wa moto wa shambani, uendao upande uendako upepo, hata mwenye kubeba kinga akimbilie wapi. Nyota ikilijia jua, mkia huwa nyuma. Ikiondoka kwenye jua, mkia hutangulia mbele.

Habari za kuzijua njia za nyota hizi zinaanza kwa Mwingereza mmoja, Edmond Halley, aliyezaliwa mwaka 1656. Mwaka 1682, akiwa kijana wa miaka 25, aliiona nyota yenye mkia kwa macho yake, akaandika mahali ilipokuwa. Miaka miwili baadaye alimwendea Isaac Newton kumwuliza juu ya mwendo wa sayari, na kutokana na maulizo yale kikatoka kitabu kikubwa cha Newton, kilichochapwa mwaka 1687. Gharama ya kuchapa aliilipa Halley mwenyewe. Kitabu hicho kilieleza kwamba jua huvuta kila kitu kilicho karibu na kilicho mbali, na kwamba kwa nguvu hiyo moja sayari huzunguka na jiwe huanguka.

Halley akachukua maandishi ya watu wa zamani, akazifanyia hesabu nyota 24 zenye mkia, moja moja, kwa mkono. Kazi hiyo ilikuwa ya kuchosha kupita kiasi. Lakini katika kuifanya aliona jambo. Nyota ya 1531, na ya 1607, na ile aliyoiona mwenyewe mwaka 1682, zilipita njia moja, tena zote tatu zililizunguka jua kinyume cha sayari zote. Akasema hizi si nyota tatu, bali ni moja irudiayo. Mwaka 1705 alichapisha neno hilo, akatabiri kwamba itarudi mwaka 1758. Alijua kwamba hatakuwapo. Alifariki mwaka 1742.

Hapo kabla, Wazungu kama sisi waliidhania kila nyota ya namna hii kuwa mgeni wa mara moja, mletaji wa msiba. Nyota hiyohiyo ilionekana mwaka 1066, Waingereza waliposhindwa vitani na mfalme wao akauawa, na picha yake imeshonwa katika kitambaa kirefu kilichohifadhiwa Bayeux, Ufaransa. Watu wamesimama wakiionyesha kwa vidole. Wachina waliiandika tangu mwaka 240 kabla ya Kristo. Lakini wote hao waliandika kuja kwake. Kabla ya Halley hapana aliyeandika kurudi kwake.

Mwaka 1758 ulipokaribia, wataalamu watatu wa Ufaransa, Alexis Clairaut, Jérôme Lalande na bibi mmoja aitwaye Nicole-Reine Lepaute, walikaa miezi mingi wakipiga hesabu ili kujua siku hasa. Jambo lililowasumbua ni kwamba njia ya nyota hii hupita penye sayari kubwa, Mshtarii na Zohali, nazo huivuta. Waliona kwamba Mshtarii ataichelewesha siku 518 na Zohali siku 100. Wakatangaza kwamba itapita karibu na jua katikati ya Aprili 1759, ila wanaweza kukosea mwezi mmoja. Ilipita tarehe 13 Machi. Na aliyeiona kwanza hakuwa mmoja wa wakuu wa elimu. Alikuwa mkulima, jina lake Johann Georg Palitzsch, wa kijiji cha Prohlis karibu na Dresden, aliyejifunza nyota peke yake baada ya kazi za shamba. Aliiona usiku wa Noeli, tarehe 25 Desemba 1758. Mimi huwasomea wanafunzi habari za Palitzsch kila mwaka, maana wako wanaodhani kwamba shamba na elimu haviwezi kukaa kwa mtu mmoja.

Tangu hapo nyota ile huitwa kwa jina la Halley. Ilirudi mwaka 1835, ikarudi 1910, ikarudi 1986. Wasomaji watazame miaka hiyo, wataona kwamba nafasi si sawa: mara 74 na zaidi kidogo, mara karibu 76. Ni kwa sababu ya kuvutwa na sayari, kama nilivyosema.

Njia yake si duara kama bangili. Ni mviringo uliovutwa sana, mrefu na mwembamba, na jua haliko katikati bali karibu na ncha moja. Katika ncha hiyo nyota huwa kama kilomita milioni 88 kutoka kwenye jua, yaani karibu kuliko sisi, tulio mbali kilomita milioni 150. Katika ncha ya pili huwa mbali mara 35 kuliko sisi, ng'ambo ya Neptuni. Na mwendo wake haulingani. Mtoto arushaye embe bichi juu huona jinsi linavyopanda kwa nguvu, linapunguza mwendo, linakaribia kusimama, kisha linarudi likizidi kwenda mbio. Vivyo hivyo nyota hii. Karibu na jua hukimbia kilomita 54 kwa sekunde moja. Kwa mwendo huo mtu angetoka Ifakara akafika Mahenge kabla ya sekunde mbili, bila kungoja kivuko wala daraja. Kule mbali haifikii kilomita moja kwa sekunde. Ndiyo maana huonekana kwetu miezi michache tu, na miaka yake mingine yote huimaliza gizani ikijikokota.

Sasa nirudi kwa Bibi Mkubwa. Niliacha kuwauliza jamaa juu ya miaka, nikawauliza juu ya maneno. Alisema nini hasa? Shangazi, aliyelala naye nyumba moja muda mrefu, aliyakumbuka maneno yake karibu neno kwa neno, kwa kuwa aliyasikia mara nyingi. Mama yake Bibi Mkubwa alikuwa mja mzito, siku zake zimekaribia. Walikuwa wakilala shambani katika dungu ili kuamia ndege, mpunga umeanza kuiva. Alfajiri wakaiona nyota mashariki, mkia wake umesimama kama moshi pasipo upepo. Wakaiona alfajiri nyingi. Kisha ikapotea siku chache, watu wakasema imekwenda zake. Kumbe ikatokea jioni, upande wa magharibi, juu ya milima ya Udzungwa. Mtoto akazaliwa nyota ikali ikionekana. Tena shangazi akaongeza jambo ambalo hakulijua kuwa ni kubwa: kaka yake Bibi Mkubwa, mtoto wa kwanza wa mama yao, alibebwa mgongoni walipokimbilia maporini wakati wa Majimaji.

Nikaandika katika daftari nyota zote kubwa zenye mkia zilizoonekana upande wetu wa dunia ambazo mtu wa Kilombero wa siku zile angaliweza kuziona.

Iko ile ya Septemba 1882, iliyong'aa hata ikaonekana mchana kando ya jua. David Gill aliipiga picha huko Cape, Afrika ya Kusini. Hiyo ni ya zamani mno. Iko ya Desemba 1927, nayo ilionekana mchana. Lakini wakati huo Bibi Mkubwa alikuwa mwali. Ya Desemba 1947 na ya Novemba 1948 zilimkuta mama wa watoto. Mwaka 1905, alioutaka shangazi, hauna nyota kubwa yenye mkia katika orodha za wataalamu. Nadhani watu walisema "baada ya Majimaji," na lile neno "baada" likaanguka njiani, kama yaangukavyo maneno mafupi.

Zikabaki tatu. Hapa ndipo nilipokaribia kukosea. Mwaka 1910 wenyewe ulikuwa na nyota mbili. Ya kwanza ilikuja Januari bila kutazamiwa na mtu. Wachimbaji wa madini wa Transvaal waliiona alfajiri ya tarehe 12, na siku chache baadaye ilikuwa ya jioni, yenye kung'aa kuliko ile ya Halley. Watu wengi wa nchi mbalimbali, walipokuwa wazee na kusimulia kwamba waliiona nyota ya Halley, kwa kweli waliiona hiyo. Lakini Januari kwetu ni wakati wa kupanda na kupalilia. Hapana mpunga unaoiva, wala mtu alalaye dunguni kuamia ndege.

Nyingine ilikuwa ya Aprili na Mei 1901, iliyoonwa kwanza na mtu mmoja wa Uruguay. Hiyo ilinitia mashaka mengi, maana nayo ilianza alfajiri ikahamia jioni, na majira ni yaleyale ya mpunga. Kama shangazi asingalimtaja yule kaka, ningaliandika 1901. Lakini kama Bibi Mkubwa alizaliwa 1901, basi mwaka 1905 kaka yake alikuwa kijana wa miaka mitano au zaidi, aendaye kwa miguu yake, na wa kubebwa angalikuwa yeye. Mtoto wa mgongoni katika Majimaji alikuwa kaka, dada hajazaliwa.

Ikabaki ya Halley. Ilipita karibu na jua tarehe 20 Aprili 1910. Mapema katika Mei ilionekana alfajiri upande wa mashariki, si mbali na Zuhura, na mkia wake ukazidi kurefuka kila siku hata ukapita nusu ya mbingu. Tarehe 18 na 19 Mei ilipita kati ya dunia na jua, kwa hiyo isionekane; baada ya hapo ikatokea magharibi jioni. Zile siku chache za kupotea ndizo hizo. Mwanamke aliyekaa dunguni, asiyejua kusoma, alihifadhi kwa mdomo jambo ambalo wataalamu waliliandika kwa darubini, na mambo hayo mawili yamekutana.

Juu ya siku zile mbili za Mei nataka kusema neno, kwa kuwa tumezoea kuambiwa kwamba hofu ya nyota ni ujinga wa wazee wetu. Wataalamu walikuwa wametangaza kwamba katika mkia ule mna hewa yenye sumu, na kwamba dunia huenda ikapita ndani ya mkia. Ni kweli sumu imo, ila mkia ni mwepesi mno hata hauwezi kumdhuru hata nzi. Basi katika miji mikubwa ya Ulaya na Marekani watu waliziba matundu ya funguo na nyufa za milango, na wajanja wakauza vidonge vya kuzuia sumu ya nyota. Mfalme Edward wa 7 wa Uingereza alikuwa amefariki tarehe 6 ya mwezi uleule, na watu wakaunganisha mambo hayo mawili. Wa Kilombero nao walisema italeta vita. Vita ilikuja, na Mahenge ikatekwa Oktoba 1917. Lakini ishara ingojewayo zaidi ya miaka saba yaweza kuwa ishara ya kitu chochote.

Baba mkubwa asiachwe bila haki yake. Nyota yake ya 1948 ilikuwa ya kweli, tena ya ajabu kuliko zote kwa namna ilivyopatikana. Jumatatu tarehe 1 Novemba 1948, asubuhi, jua lilipatwa kabisa katika nchi za Kongo, Uganda na Kenya. Huku kwetu lilifunikwa sehemu tu. Wataalamu na watu wengine huko Nairobi walikuwa wamejitayarisha kulitazama jua. Giza lilipoingia, wakaona kando ya jua kitu kisichotazamiwa: nyota yenye mkia, iking'aa. Ilikuwa imelikaribia jua kwa siri, imefichwa na mwanga wake, na kama si kupatwa kule, wasingaliiona siku hiyo. Siku chache baadaye ilionekana alfajiri na watu wa nchi nyingi. Hiyo hatuitazamii tena. Njia yake ni ndefu hata mzunguko mmoja huchukua makumi ya maelfu ya miaka. Hivyo neno "nyota yenye mkia" lilikuwa na maana moja kwa Bibi Mkubwa, na maana nyingine kwa watoto waliosikia habari za 1948, na baba mkubwa alichukua jina la kizazi kimoja akalivika kizazi kingine.

Mwaka 1986 Bibi Mkubwa alikuwa hai. Nyota yake ilirudi. Baba yangu alikuwa kijana, akasikia katika redio, akataka kumtoa nje aione. Mwaka ule haikuja karibu na dunia kama 1910, na Aprili ilipotukaribia zaidi, mawingu ya masika yalifunika bonde lote. Usiku mmoja palitokea upenyo upande wa kusini, baba akamwonyesha doa hafifu kama pumzi juu ya kioo. Bibi Mkubwa alitazama kitambo, kisha akasema siyo, nyota ya mama yake ilikuwa na mkia. Akarudi ndani kulala. Mwezi mmoja kabla ya hapo, tarehe 14 Machi, chombo cha Ulaya kiitwacho Giotto kilikuwa kimepita karibu nayo umbali wa kilomita 600 hivi, kikaipiga picha: donge lenye urefu wa kilomita 15 na upana wa 8, jeusi kama makaa.

Tangu siku hizo ilikuwa ikienda mbali. Tarehe 9 Desemba 2023 ilifika mwisho wa njia yake, ng'ambo ya Neptuni, ikageuka. Sasa inarudi, nayo itapita karibu na jua tarehe 28 Julai 2061. Mtoto aliyezaliwa 2014 atakuwa na miaka 47, na Julai kwetu ni kiangazi.

Niliwasomea jamaa hesabu yangu yote, jioni ya nne. Shangazi alikubali alipomsikia kaka ametajwa. Fundi akaandika katika saruji: 1910–1996. Baba mkubwa hakutia neno juu ya mwaka, ila alimwomba fundi achore nyota ndogo juu ya tarakimu, iwe na mkia. Fundi, ambaye hajapata kuiona, ameuchora mkia ukitazama chini, kuelekea kule jua linakochwea. Saruji ilikuwa imekwisha kukauka nilipofika.